Tupeane uzoefu: Jupp Heynckes, kutoka straika hadi kocha. Mnaoijua kazi yake, shusheni nondo

Mleta mada
Wakuu, uzi huu ni wa makocha na wafuatiliaji wa Bundesliga, ligi kuu ya Ujerumani. Heynckes alifunga mabao 220 katika mechi 369 za ligi ile, 195 akiwa Borussia Mönchengladbach (Gladbach kwa kifupi) na 25 akiwa Hannover 96. Halafu mwaka 2013, akiwa kocha, Bayern Munich yake ikabeba mataji matatu huku ikiruhusu mabao 18 tu katika mechi 34 za ligi. Mfungaji wa kiwango kile alijengaje timu ngumu namna ile? Tuweke mambo ya uwanjani, ushabiki tuuache.

Mchangiaji wa 2
Kazi ilianzia mbele. Mfumo ulikuwa 4-2-3-1: mabeki wanne, viungo wakabaji wawili, watatu nyuma ya straika, na straika mmoja. Straika Mandžukić hakumkimbilia beki wa kati wa wapinzani moja kwa moja. Alikata kona, yaani alikimbia kwa kupinda, mwili wake ukiziba pasi ya kwenda kwa beki wa kati mwenzake, hivyo mpira ukalazimika kwenda pembeni. Huko winga anamvaa beki wa pembeni, Müller anamganda kiungo wa kati, na mmoja wa viungo wakabaji, Martínez au Schweinsteiger, anapanda kunasa pasi inayofuata. Mpira ukipenya, mawinga wanarudi kusaidia mabeki wa pembeni: Ribéry hadi kwa Alaba na Robben hadi kwa Lahm. Mastaa wale wawili kukubali kukaba ndiyo kazi kubwa kuliko zote aliyoifanya Heynckes pale.

Kwa mazoezi: sita kwa sita, eneo la mita 40 kwa 30, vipindi vinne vya dakika 4, pumziko dakika 2. Bao linalopatikana ndani ya sekunde 6 baada ya kupokonya mpira lihesabiwe mawili. Wape alama za kuanza kukabia juu, yaani kuwabana wapinzani karibu na goli lao: pasi ya kurudi nyuma, mguso mbovu, au beki anayepokea akiwa ameelekea goli lake. Kinachoharibu zoezi ni straika kuondoka peke yake wakati viungo wako mita 20 nyuma. Pasi moja tu na timu nzima imekatwa. Wenzake wakiwa mbali, asubiri.

Mchangiaji wa 3
Naongezea kwa mkuu hapo juu. Tazameni tena Bayern 4-0 Barcelona, Aprili 23, 2013. Barcelona walikaa na mpira zaidi, na Heynckes hakuhangaika nalo. Mandžukić alikuwa na adhabu, akaanza Gomez. Kiungo Kroos alikuwa majeruhi, hivyo Müller akacheza nyuma ya straika. Bao la kwanza: krosi ya Robben, beki Dante akapiga kichwa kuurudisha mpira mbele ya goli, Müller akamalizia kwa kichwa. La pili: kona, kichwa cha Müller, Gomez yupo mdomoni mwa goli. Siri ni ule mguso wa kichwa kati ya krosi na umaliziaji. Mabeki wafupi wanageuka kuufuata mpira na kumsahau mtu wao. Zoezi lake halihitaji vifaa: mpigaji mmoja, mtu mrefu nguzo ya mbali, wawili wanaoingia eneo la mita sita mbele ya goli. Wanaoingia wasianze kukimbia kabla mpira haujafika kwa yule mrefu, vinginevyo watakuwa wameshapita.

Mchangiaji wa 4
Tusisahau alipokuwa kocha wa Eintracht Frankfurt. Desemba 1994 aliwapa mastaa wake Yeboah, Okocha na Gaudino mazoezi ya ziada ya kukimbia, wakagoma kucheza mechi iliyofuata. Yeboah akaenda Leeds, Gaudino Manchester City, na Heynckes mwenyewe hakumaliza msimu. Kukimbizwa kama adhabu mbele ya wenzao kunawagusa heshima wachezaji ambao timu inawategemea. Heynckes wa 2013 alikuwa mtu mwingine: Robben na Gomez walikaa benchi vipindi virefu na chumba cha kubadilishia nguo hakikupasuka.

Mchangiaji wa 5
Vijana wanaotaka kuruka hatua wasome mwanzo wake. Mechi yake ya mwisho kama mchezaji wa Bundesliga, Aprili 29, 1978, alifunga matano Gladbach ikiichapa Dortmund 12-0, na ubingwa bado ukaenda Köln kwa tofauti ya mabao matatu. Msimu uliofuata hakupewa timu. Alikuwa msaidizi wa kocha mkuu wa Gladbach, Udo Lattek, ndipo mwaka 1979 akakabidhiwa usukani, na msimu wake wa kwanza akafika fainali ya Kombe la UEFA. Miaka minane Gladbach, taji hakupata hata moja, na klabu ikamvumilia. Ukocha ule ulipikwa polepole.

Mleta mada
Shukrani wakuu. Mchangiaji wa 2, zoezi lako linafaa watoto wa miaka 14?

Mchangiaji wa 2
Linafaa, ila punguza: mita 30 kwa 25, tano kwa tano, vipindi vya dakika 2 na pumziko la dakika 2. Ukiona straika anatembea badala ya kukata kona, simamisha zoezi hapo hapo. Ameshachoka, na anachojifunza kuanzia hapo ni mwendo mbaya.