Upawa umerudi! Nimenyang'anywa ukoko wangu wa makaroni mchana kweupe, mbele ya makanisa matatu

Ndugu wanajamvi, naandika nikiwa bado ndani ya gari, boksi la chakula liko kwenye kiti cha pembeni na sijalifungua, kwa hiyo mtanisamehe nikikosea nukta. Sidhani kama kuna haja ya kumtaja mtu jina. Yeyote aliyewahi kula chakula cha Weusi wa Kusini mwa Marekani upande huu wa Chicago, pale penye kioo kinene na picha ya Harold Washington, meya wa kwanza Mweusi wa jiji hili, iliyotundikwa kando ya picha ya Obama, anamjua mwanamke mchota chakula ninayemzungumzia, anaujua ule wavu wake wa nywele, na anajua kwamba huwaita watu wote "mwanangu", hata mzee wa miaka 90 anayeingia kwa mkongojo.

Leo nimepanga foleni kwa dakika 55. Foleni ya Jumapili pale mnaijua: makanisa yote yametoka kwa wakati mmoja, akina mama wamevaa kofia ambazo kila moja ingewakinga watu watatu na mvua, na watoto wanalia kwa sababu ya harufu ya kuku. Nilikuwa nimekwisha kulipa. Narudia kwa kuwa najua mtu atauliza: nilikuwa nimekwisha kulipa, na risiti ninayo. Niliagiza mkia wa ng'ombe, sukuma zilizochemshwa na shingo ya bata mzinga iliyokaushwa kwa moshi, na makaroni ya jibini kutoka kwenye kona ya trei, pale ambapo jibini huungua kidogo ikageuka ukoko. Trei ina kona nne tu. Tatu zilikuwa zimekwenda. Ya nne ilikuwa yangu, na niliiona kwa macho yangu ikichotwa, ikapanda, ikashuka, ikatulia ndani ya boksi langu kama bwana harusi kitini.

Ndipo akaingia yule shemasi, ambaye hajapanga foleni tangu Harold Washington alipochaguliwa kuwa meya mwaka 1983. Akagonga kioo mara mbili kwa pete yake, akanyoosha kidole, na upawa ukarudi. Upawa ukarudi, ndugu zangu! Uliingia ndani ya boksi langu, ukachimba, ukanyanyua ukoko wangu wote pamoja na uzi wa jibini uliokuwa ukinyooka kana kwamba wenyewe haukutaka kuondoka, ukaenda kuuteremsha kwenye boksi la shemasi. Mahali pake nikatiliwa makaroni ya katikati ya trei, yale malaini ya wagonjwa. Nilipofungua mdomo ili nilalamike, yule mwanamke aliniangalia kwa upole, na upole huo ndio unaoniua, akasema, "Mwanangu, wewe hutajua tofauti."

Sitajua tofauti! Mimi niliyezaliwa Tanga, nikalelewa na ndugu sita waliokuwa tayari kuvunjana mikono kwa ajili ya ukoko wa wali wa nazi, leo naambiwa siujui ukoko? Miaka tisa nakula pale. Kila tarehe 1 Januari nimekula kunde na sukuma zao, kunde za bahati na sukuma za fedha, ingawa fedha zenyewe bado ziko njiani. Nimehudhuria matanga ya watu nisiowajua kwa sababu tu chakula kilitoka pale na niliombwa kusaidia kubeba viti. Nilikuwa nikiamini kwamba mimi ni mtu wa nyumba ile. Na kile kioo, ambacho risasi haipiti, hukuonyesha kila kitu na hakikuruhusu kugusa chochote. Nilisimama nimekibandika kiganja kama mtu aliyekwenda kumtazama ndugu yake gerezani, huku upawa ukirudi.

Sina hoja nyingine. Upawa ulirudi. Naomba maoni yenu, na yeyote anayetaka kusema kwamba ni chakula tu, asichangie.

Mvuvi wa Ziwa Michigan: Pole sana, mkuu. Hata kwetu Kisumu, samaki aliyekwisha kuwekwa kwenye sahani yako harudishwi sufuriani, hata akiingia gavana mwenyewe. Ninachoshangaa ni kwamba hukumwonyesha picha ya Obama ukutani ili akumbuke anazungumza na nani.

Mleta uzi: Mimi ni Mtanzania, ndugu yangu. Picha ile hainisaidii.

Mama Watatu: Nimesoma mpaka mwisho nikitarajia kwamba umepigwa. Mwanamume wa miaka 47 amejifungia ndani ya gari akiombolezea makaroni! Hata hivyo, nitakutetea kwa jambo moja. Bibi yangu alikuwa akituonya kwamba mla ukoko hunyeshewa na mvua siku ya harusi yake, na kwa kuwa mimi nilikuwepo kwenye harusi yako kule bustanini, siku tulipokimbia na keki tukiwa tumeifunika kwa mkeka, nashuhudia mbele ya wote kwamba ujuzi wako wa ukoko hauna shaka yoyote.

Binti Kilindini: Wenzako tuna malalamiko makubwa kuliko kona ya trei. Mimi ni Mwislamu kutoka Mombasa, na tangu siku ya kwanza niliuliza kama sukuma zile zimepikwa na nguruwe. Huyo huyo mnayemzungumzia akanijibu, "Hamna nyama humo, mwanangu, ni ladha tu." Ladha! Kongoro la nguruwe lilikuwa limelala chini ya sufuria kama mamba mtoni. Siku hizi wanapikia bata mzinga, ni sawa, lakini mimi nilikwisha kuhamia kwenye pai ya maharage ya wale akina kaka wa Nation of Islam, lile kundi la Weusi wa Marekani, wenye tai za kipepeo, na sijawahi kunyang'anywa kipande.

Mtoto wa Lubumbashi: Mnalia kwa ukoko na ladha, mimi nimedhulumiwa jina. Orodha yao ya vyakula inasema kuna viazi vikuu. Niliagiza kwa furaha ya mtu aliyeona ndugu yake ugenini, nikaletewa viazi vitamu vya kawaida vilivyozamishwa katika siagi, mdalasini na sukari ya kahawia, vitamu kiasi kwamba meno yalinyamaza. Nilipouliza kiazi kikuu kiko wapi, nikaambiwa ndicho hicho, na kwamba babu zao waliotoka Mississippi walikiita hivyo. Naielewa historia: waliovushwa bahari kwa minyororo walikikumbuka kiazi kikuu cha Afrika Magharibi, wakakipa jina lake kiazi walichokikuta. Lakini mimi nilikuwa nimelipa. Kwenye bamia sina ugomvi nao, maana huteleza kama inavyopaswa.

Mleta uzi: Tafadhali, turudi kwenye upawa.

Shemeji Mkuu: Upawa tumeusikia, mkuu. Mbona hakuna anayesema neno kuhusu bei ya mkia wa ng'ombe? Ilikuwa nyama ya maskini, iliyoachwa kwa kuwa hakuna tajiri aliyeitaka. Tangu mikahawa ya mjini yenye mishumaa mezani iugundue mkia, tunaulipia bei ambayo zamani ungepewa pamoja na ng'ombe aliyeuvaa.

Mvuvi wa Ziwa Michigan: Na ule uji wao wa mahindi meupe wa asubuhi, ambao si uji na si ugali? Mimi nauona kama ugali uliokata tamaa njiani.

Mama Watatu: Usiutukane, ila usiutie sukari mbele yao. Mimi niliutia vijiko viwili, na wazee wanne waliokuwa wakicheza domino kwenye meza ya dirishani wakanyamaza kwa pamoja. Mmoja alivua kofia kana kwamba jeneza linapita.

Binti Kilindini: Sukari haina kosa. Uji ni uji.

Mvuvi wa Ziwa Michigan: Uji haukaangiwi kamba juu yake, dada yangu. Pale huwekwa kamba, siagi na pilipili. Huo ni ugali laini.

Shemeji Mkuu: Ugali hauliwi kwa kijiko. Mjadala umefungwa.

Mleta uzi: Mjadala haujafungwa kwa sababu haujaanza! Nilikuwa nimekwisha kulipa, na upawa ukarudi!

Jirani wa Shemasi: Nimevumilia, sasa nitasema. Shemasi ninayekaa naye mlango kwa mlango hali jibini kabisa, humsumbua tumbo. Boksi lile la Jumapili humpelekea mama yake, ambaye ana miaka 93 na hana hata jino moja.

Mleta uzi: Hana meno? Ukoko wangu umekwenda kwa mtu asiye na meno? Yale malaini ya katikati ya trei yalikuwa ya nani basi, kama si yake? Yaani mimi mwenye meno yote 32 nimewekewa uji wa makaroni, na bibi wa watu amepewa ukoko wa kuutazama?

Jirani wa Shemasi: Huufyonza polepole. Anasema unamkumbusha nyumbani.

Mama Watatu: Mleta uzi, nakuomba ufungue hilo boksi ule kabla halijapoa.

Mleta uzi: Nimefungua. Mkia wa ng'ombe ni minofu mitupu, na chini ya sukuma amenifichia vipande viwili vya mkate wa mahindi ambavyo sikuviagiza wala kuvilipia. Hii haibadilishi chochote.

Mgeni wa Jana: Samahani, mimi ndiyo kwanza nimehamia jijini na sijui mnazungumzia wapi, lakini njaa imenishika. Wanafungua lini, na trei hutoka saa ngapi?

Mleta uzi: Jumatatu hawafungui. Jumapili trei ya kwanza hutoka saa sita kamili na kuishia mikononi mwa wanakwaya, kwa hiyo subiri ya pili, saa saba na robo, na usimame mwisho wa kioo upande wa kushoto, kwa maana yeye huanza kuchota kutoka huko. Ukifika kabla yangu, nishikie nafasi.

Mtoto wa Lubumbashi: Bado hakuna aliyenijibu kuhusu viazi vikuu.