Mjadala: Sinema ya Italia ilimpandisha John Kitzmiller, au ilimfungia?

Mleta mada

Wadau, kila anapotajwa John Kitzmiller, Mmarekani mweusi aliyeigiza Italia baada ya Vita Kuu ya Pili, sifa huenda kwa Waitaliano: walimpa heshima ambayo kwao asingeipata. Nabisha.

Alizaliwa Battle Creek, Michigan, mwaka 1913, akafika Italia akiwa ofisa wa jeshi la Marekani. Vita vilipokwisha akabaki. Mwaka 1947 mwongozaji Luigi Zampa alimpa nafasi ya Joe katika filamu ya Vivere in pace, askari majeruhi wa Marekani anayefichwa na wanakijiji. Usiku mmoja Joe analewa, anakumbatiana na Mjerumani aliyelewa vilevile, na wote wawili wanazunguka kijiji wakitangaza kwamba vita vimekwisha. Ukiitazama sehemu hiyo unajua huyu ni mwigizaji wa kweli. Mwaka huohuo, Tombolo, paradiso nero: askari. Mwaka 1948, Senza pietà: askari tena. Mwaka 1950, Luci del varietà: mpiga tarumbeta. Baba mwenye nyumba, mwalimu, wakili, hizo hakupewa.

Na tuzo kubwa aliipata kwa filamu ya nani? Mwaka 1957 alikuwa mweusi wa kwanza kutwaa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume katika tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, kwa Dolina miru ya Yugoslavia, iliyoongozwa na France Štiglic. Miaka 10 yuko Italia, na nafasi hiyo ikatoka kwa majirani. Naomba kuwasilisha.

Mchangiaji wa kwanza

Mkuu, umesahau Italia ilikuwa inatoka wapi. Mwaka 1937 serikali ya Mussolini ilitunga sheria ya kumfunga Mwitaliano yeyote atakayeishi kinyumba na mtu wa makoloni yake ya Eritrea, Somalia na Ethiopia. Kifungo kilikuwa mwaka mmoja hadi mitano. Miaka 11 tu baadaye, katika Senza pietà, mwongozaji Alberto Lattuada anamweka Kitzmiller na Carla Del Poggio, mke wake Lattuada mwenyewe, kuwa watu wawili wanaopendana katika mji wa Livorno uliojaa njaa na magendo. Wakati huo kanuni za Hollywood zilikataza kabisa mapenzi ya mweusi na mweupe kwenye filamu, na katazo hilo liliondolewa mwaka 1956. Huo ulikuwa ujasiri, tuuseme.

Tena hiyo Dolina miru unayoisifu, humo pia kavaa gwanda! Ni mwanajeshi wa anga wa Marekani aliyeangukia Slovenia.

Mleta mada

Gwanda lipo, sikatai. Ila mle filamu nzima inamtegemea yeye. Watoto wawili yatima wanatafuta bonde lisilo na vita, na yeye ndiye mlezi wao hadi anapokufa akiwalinda. Katika Senza pietà, mapenzi hayo unayoyasifu yanaishia wapi? Angela (Del Poggio) anapigwa risasi, Jerry (Kitzmiller) anapakia mwili wake kwenye lori na kujitumbukiza nalo baharini. Waliruhusiwa kupendana, kuishi pamoja hawakuruhusiwa.

Mchangiaji wa pili

Kosa lenu ni kuishitaki Italia peke yake. Wengi wanamjua kama Quarrel wa Dr. No, 1962, filamu ya Waingereza ya jasusi James Bond, iliyopigwa Jamaika. Mshindi wa Cannes anaagizwa na Bond amletee viatu, kisha anaunguzwa kwa moto. Roma angalau ilimpa kazi mwaka hadi mwaka, na ndiko alikofia 1965. Hollywood ya 1948 ingempa nafasi gani ya mpenzi katika filamu? Nitajie moja.

Mleta mada

Hakuna, ndugu yangu. Lakini kumpima kwa Hollywood ni kumpima kwa kipimo cha chini. Mpime kwa Aldo Fabrizi, aliyeigiza naye Vivere in pace. Kati ya 1945 na 1951 Fabrizi alikuwa kasisi katika Roma città aperta, mkulima katika hiyo ya Zampa, polisi katika Guardie e ladri. Kitzmiller hakuwa na kipaji pungufu. Kilichokosekana ni mwandishi wa Kiitalia wa kumwandikia mtu anayeishi Italia, ana jirani, ana kodi ya nyumba, na hakuletwa na vita.