Miembe na makaburi katikati ya shamba: nani aliishi pale?

Swali: Wakuu, shamba letu liko mbali na kijiji, na kule kuna miembe mikubwa na makaburi. Mama anasema ndiko walikoishi. Kwa nini walihama?

Jibu: Hayo ni mahame, mwanangu, yaani makazi ya zamani yaliyoachwa. Mwishoni mwa 1973 Mwalimu Nyerere alitangaza kuwa kuishi vijijini ni amri, mwisho 1976. Kwetu Operesheni Vijiji, ile ya kuhamishia watu kwenye vijiji vya pamoja, ilifika nikiwa mtoto. Lori lilibeba kitanda, kinu, na kuku ndani ya tenga. Paa likavuliwa ili tusirudi. Viwanja vilipimwa kwa kamba kando ya barabara. Shule tulipata, na nilisoma pale, siibezi. Ila mashamba yalibaki kulekule! Mama aliondoka alfajiri, na mahindi yakikaribia kukomaa nyani na nguruwe pori waliyamaliza, maana hakuna aliyelala huko.

Jibu: Kwetu baba alijenga dungu, kibanda cha juu cha kulindia mazao, akalala shambani mpaka mavuno.

Jibu: Miembe hiyo msiikate. Kwenye shauri letu la mpaka, makaburi na miti ndivyo vilivyotuokoa barazani. Mpeleke mama angali na nguvu, akuonyeshe kila kaburi, uandike majina.