Tupeane uzoefu: Uliponunua mkusanyo wa magemu ya zamani, ulilikuta lile ulilolikumbuka?

Mwanzisha mada
Ndugu wanajamvi, heshima kwenu. Kampuni zilizotengeneza magemu tuliyokua nayo zimekuwa zikiyakusanya na kuyauza upya kwa ajili ya mashine za kisasa: Capcom ilitoa mkusanyo wa Street Fighter wenye magemu 12 mwaka 2018, Konami ikaleta Castlevania na Contra mwaka 2019, na Rockstar ikarudisha Grand Theft Auto tatu za enzi za PlayStation 2 mwezi Novemba 2021. Wengi wetu hatukuyacheza magemu hayo kutoka kwenye boksi halisi. Tuliyacheza kwenye mashine za kuiga zenye kaseti ya njano iliyoandikwa "9999 in 1", au kibandani kwa kulipia muda huku foleni ikisukumana mgongoni. Kwa hiyo naomba tuelezane: ulinunua upi, na ulichokikuta ndicho ulichokuwa ukikikumbuka? Malalamiko ya bei tuyaachie mada nyingine.

Kaseti ya Njano, Tanga
Mkuu, mimi nilinunua ule wa Contra kwa ajili ya PlayStation 4. Una magemu 10, lakini ukiitazama orodha utaona kwamba mengine ni gemu lile lile katika sura tofauti: ipo Contra ya mwaka 1987 ya mashine za kuingiza sarafu, ipo ya Nintendo iliyouzwa Marekani, na ipo ya Kijapani. Wapo wanaosema huo ni ujanja wa kujaza idadi, ila kwangu utamu wote uko hapo hapo. Katika ile ya Kijapani makuti ya minazi ya msituni yanapepea, kwenye steji ya theluji upepo unavuma kweli, na kabla ya kila steji unaoneshwa ramani ya unakokwenda, kwa sababu kaseti ya Japani ilikuwa na chipu ya Konami ambayo ile ya Marekani haikuwa nayo.

Jioni moja kaka yangu, ambaye sasa ni baba wa watu, alinipokonya pedi ya kwanza na kabla sijasema neno alikuwa ameshabonyeza juu, juu, chini, chini, kushoto, kulia, kushoto, kulia, B, A. Tukapewa roho 30 kila mmoja. Tuliposhika steji ya maporomoko ya maji, yeye akawa anakimbilia kuruka juu, skrini inapanda naye, na mimi niliyebaki chini nakufa bila kuguswa na adui, kama ilivyokuwa miaka ile. Ugomvi ulifufuka mbele ya wanawe. Kwa hiyo jibu langu ni ndiyo, nililikuta, pamoja na maudhi yake.

Mtoto wa Hamburg
Mimi jibu langu ni hapana. Nililelewa Ujerumani, ambako masharti kuhusu ukatili katika magemu yalikuwa makali kiasi kwamba Contra iliuzwa Ulaya kwa jina la Probotector, na wale askari vifua wazi wakageuzwa maroboti. Mkusanyo huo una Probotector mbili, moja ya mashine ya Mega Drive na nyingine ya mashine ya Super Nintendo, lakini ile ya Nintendo ya kwanza, ambayo ndiyo niliyolala nayo na kuamka nayo, haimo.

Daftari la Kodi, Nairobi
Nami nizungumzie San Andreas, mojawapo ya zile Grand Theft Auto tatu. Hapa kwetu kila kijana alikuwa na daftari la kurasa 96 ambalo nusu yake ni hesabu na nusu nyingine ni kodi, yaani mifuatano ya vitufe ya kujipatia upendeleo ndani ya gemu: R1, R2, L1, X, kushoto, chini, kulia, juu, kushoto, chini, kulia, juu, na papo hapo unapata afya, kinga na dola 250,000. Yaliyoupata ule mkusanyo wa 2021 yanajulikana: watu walilalamikia sura za wahusika na mvua iliyoziba macho, baadhi ya nyimbo za redio hazikuwemo kwa kuwa leseni zake zilikwisha, na Rockstar yenyewe ikaomba radhi na kuyarudisha sokoni matoleo ya zamani ya kompyuta.

Kilichonigusa mimi ni ukungu. PlayStation 2 haikuwa na nguvu ya kuchora mbali, hivyo watengenezaji walifunika maeneo ya mbali kwa ukungu na rangi ya machungwa, na safari ya kutoka jiji la Los Santos hadi Mlima Chiliad, humo humo ndani ya gemu, ikawa safari kwelikweli. Ukungu ulipoondolewa, ukipanda juu kidogo unauona mlima ule ukiwa bado mjini, na nchi nzima inakuwa kama shamba la jirani. Masahihisho ya Novemba 2024 yalirudisha mwanga na anga za zamani, na tangu hapo ndipo nimelicheza kwa raha.

Mwanzisha mada
Ahsanteni. Wenye mkusanyo wa Mario karibuni.

Nyota 120, Kampala
Super Mario 3D All-Stars niliupata mtumba, kwani Nintendo iliacha kuuuza tarehe 31 Machi 2021, miezi sita tu tangu utoke. Super Mario 64 iliyomo humo imebaki katika umbo la luninga za zamani, na mistari myeusi iko kando zote mbili, jambo ambalo halinisumbui. Ila nilikwenda moja kwa moja kwenye ngazi zisizoisha, nikajaribu kuruka kinyumenyume ule mwanya wa zamani wa kumfikia adui mkuu, Bowser, bila kukusanya nyota za kutosha, na Mario akagoma. Waliloweka ni toleo la baadaye la Kijapani, ambalo mwanya huo ulikuwa umeshazibwa. Ikabidi nizitafute nyota, na ndipo nikaona vyumba vya ile kasri ambavyo utotoni sikuwahi kuvikanyaga.