Wakuu, mtu asiyejua kuongea mbele za watu anaanzaje kusema jambo zito kikaoni?

Mgeni wa Chanika (mleta uzi)
Wakuu habari za jioni. Nina jambo limenikaa kifuani, wiki ya pili hii sipati usingizi. Niko kwenye kikoba cha mtaani, kikundi cha kuweka na kukopa, watu 24, wengi ni akina mama wa gengeni, wanaume tuko wanne. Hisa moja 2,000, mwisho hisa tano kwa wiki. Jumapili tunavunja tugawane. Sasa nimegundua hela ya sandukuni haijatimia, imepungua milioni 2 na laki 6. Wenzangu hawajui.

Toka shule mimi nikisimama mbele za watu midomo inatetemeka. Naanzaje? Nitumie maneno gani? Msinitukane tafadhali.

Mzee wa Kaunda
Kijana, andika kwenye karatasi usome. Mimi mwaka 1994 nilikuwa karani wa chama cha ushirika huko kwetu. Mizani ilichezewa, kila gunia la mkulima linaliwa kilo kadhaa. Nikasimama mkutanoni nikasema. Watu kimya, wanaangalia viatu vyao. Hakuna aliyeniunga mkono hata mmoja. Usiku ndiyo wakaanza kuja, mmoja mmoja, kwa mlango wa uani, wananishika mkono. Kazi nikaipoteza. Nikaanza kufuga nguruwe, na nguruwe nikwambie wanalipa, ila dawa ya minyoo usikose. Mwenye kutaka mbegu aje PM.

Mtembezi 77
Siti ya mbele. Mwenye karanga apitishe huku.

Wakili wa Vichochoroni
Kwanza kikundi kimesajiliwa? Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya 2018 imeviweka vikundi kama vyenu daraja la nne, na usajili unapitia halmashauri. Kama mna cheti na katiba ya kikundi, muone afisa maendeleo ya jamii wa kata kabla ya hiyo Jumapili. Habari za midomo kutetemeka sisi hazituhusu.

Mama Wawili
Mwanangu, amana ni deni mbele ya Mwenyezi Mungu. Sema kweli ulale usingizi. Vijana wa siku hizi mnaogopa binadamu kuliko Aliyewaumba.

Fundi Seremala
Nimetengeneza masanduku ya vikoba zaidi ya ishirini, kwa hiyo nina swali dogo. Lile sanduku lina kufuli tatu, na funguo wanashika watu watatu tofauti. Linafunguliwa siku ya kikao, wanachama wote wanaangalia. Wewe umegunduaje katikati ya wiki? Na hizo kufuli zimevunjwa?

Mgeni wa Chanika
Hazijavunjwa mkuu.

Fundi Seremala
Wewe ni mshika funguo?

Mgeni wa Chanika
Ndiyo.

Fundi Seremala
Basi tuambie ufunguo wako ulikuwa wapi siku hiyo.

Mtembezi 77
Karanga zimefika. Tuendelee.

Mgeni wa Chanika
Sawa, naona hamtaniacha. Sanduku linalala kwa mwenyekiti kwa sababu nyumba yake ndiyo yenye nondo madirishani. Mzee anayeshika ufunguo mwingine alisafiri msibani Tanga, akauacha hapo kwa mwenyekiti. Mwenyekiti akaniita usiku, akasema ana mgonjwa, anataka kuazima, atarudisha kabla ya kuvunja. Nikafungua. Alihesabu mbele yangu, mimi nimeshika tochi. Sasa hivi anasema hana.

Kabla hamjaanza, huyo mwenyekiti ni mama yake mchumba wangu. Ndoa ni Januari. Mahari nimeshatoa nusu. Ningemwambia nini mama mkwe saa nne usiku, tena ananililia?

Binti Kizimkazi
Hee! Kaka yangu, "nimegundua" yako imekua. Muda wote huu tunakufundisha namna ya kumtaja mwizi, kumbe tochi uliishika wewe.

Mtembezi 77
Mahari umetoa nusu, mama mkwe akajichukulia nusu iliyobaki. Mbona mmeshamalizana?

Mama Wawili
Astaghfirullah. Na huyo binti anajua?

Mgeni wa Chanika
Hajui na sitaki ajue. Nimeshaanza kulitatua kimya kimya. Nauza pikipiki, kuna mtu kanipa laki 3 ya utangulizi. Nikipata iliyobaki namkabidhi mama, anarudisha sandukuni, Jumapili tunagawana, hakuna anayeaibika. Kwani nikisimama niseme nani atafaidika? Akina mama wanataka hela zao, hawataki hotuba.

Fundi Seremala
Kama umeshaamua, ulitaka maneno ya nini?

Mgeni wa Chanika
Sijaamua mkuu. Najaribu kufikiri.

Ngano Mbichi
Samahani wazee, hii ni chai na sukari imezidi. Mimi niko kwenye vikoba mwaka wa saba. Hela ya kikoba haikai sandukuni, iko kwenye mikopo kwa wanachama. Kwa hisa zake hizo, watu 24, wakijitahidi wote ni 240,000 kwa wiki. Hiyo milioni 2 na laki 6 ilikaa sandukuni ikisubiri nini? Halafu kila mwisho wa kikao salio linatajwa na wanachama wanalikariri. Mtoto mdogo angegundua. Huyu anatafuta watazamaji.

Mtembezi 77
Nilijua tu. Mgonjwa, tochi, mama mkwe. Kilikosekana kibatari.

Wakili wa Vichochoroni
Na tuliopoteza muda kumpa sheria tunalipwa na nani?

Mgeni wa Chanika
Ngano Mbichi, kwenu mnapovunja hamkusanyi mikopo kwanza? Kikao cha mwisho cha marejesho kilikuwa wiki tatu zilizopita, watu wote wakarudisha, sanduku likajaa, zaidi ya milioni 8. Baada ya hapo hakuna kikao mpaka siku ya kugawana. Salio kila mtu analikumbuka, ndiyo maana silali. Jumapili watalitaja kabla sanduku halijafunguliwa.

Ngano Mbichi
Hapo kwenye marejesho umenijibu. Narudisha nusu ya maneno yangu. Nusu nabaki nayo.

Kobe Msomi
Vikundi vya namna hii vilianza Niger, mwaka 1991, shirika la CARE na akina mama wa vijijini. Nimevifundisha, kwa hiyo niwaambie kufuli tatu za sanduku zinafanya nini. Mtu mmoja akiombwa usiku, akiogopa, akishindwa kukataa, bado wapo wawili. Haikutegemewa kila mshika funguo awe shujaa. Dogo, tumeusikia ufunguo wako na wa mzee wa Tanga. Wa tatu anao nani, na yeye alisema nini?

Binti Kizimkazi
Enhe. Hilo ndilo swali.

Mgeni wa Chanika
Wa tatu anao mama mmoja muuza mihogo. Mimi nilipofika usiku ule kufuli mbili zilikuwa zimeshafunguliwa. Sikuuliza.

Kobe Msomi
Kamuulize.

Mgeni wa Chanika
Nimetoka kwake sasa hivi. Nilizunguka weee, mara bei ya mafuta, mara mihogo ya mwaka huu ina mizizi. Mwisho nikamwambia: mama, mimi ufunguo wangu nilifungua usiku. Akaacha kugeuza mihogo. Akasema, "Na wangu alikuja kuuchukua saa mbili. Nikajua wewe utakataa." Kumbe na yeye wiki mbili hizi halali. Mwanawe anaanza kidato cha kwanza Januari, sare na godoro vyote vinategemea hela hiyo hiyo.

Midomo haikutetemeka. Sijui kwa sababu tulikuwa wawili tu au vipi.

Mama Wawili
Alhamdulillah. Na Jumapili nani anaanza kusema?

Mgeni wa Chanika
Yeye anataka niwe mimi. Mimi nataka awe yeye, kwa sababu ya ile ndoa. Tumeachia hapo, mihogo ilikuwa inaungua.

Fundi Seremala
Mrudishie mtu laki 3 yake kwanza.

Mzee wa Kaunda
Mimi sikuwa na wa kusimama naye. Mkae viti vya karibu.

Binti Kizimkazi
Leo Jumapili, saa kumi na moja jioni. Mleta uzi kimya toka jana. Kikao kilikuwa saa nane. Jamani?

Mtembezi 77
Nimetandika mkeka, siondoki hapa.

Ngano Mbichi
Mleta uzi, kama ile pikipiki bado ipo, ni Boxer au TVS? Nina mdogo wangu anatafuta.