Kuzunguka katikati ya Dar es Salaam kwa maelezo ya sauti

Swali: Ndugu zangu, nakusudia kuyatazama majengo ya kale ya katikati ya Dar es Salaam kwa miguu, bila mwongozaji, nikisikiliza maelezo niliyoyapakua kwenye simu. Nianzie wapi?

Jibu la kwanza: Anzia Boma la Kale, Barabara ya Sokoine, jengo la mawe ya matumbawe la miaka ya 1860, enzi za Sultani Majid bin Said. Ukiambaa na bandari utapita Kanisa Kuu la Mtakatifu Yosefu, kisha Kanisa la Kilutheri la Azania Front, ndipo ukate kuelekea Sanamu ya Askari. Hapo simamisha sauti, kwa maana sanamu hiyo ya mwaka 1927 inawakumbuka Waafrika waliopigana na waliobeba mizigo katika Vita Kuu ya Kwanza, na maandishi yake ya Kiswahili na Kiingereza yanastahili kusomwa taratibu.

Jibu la pili: Nakubaliana naye kabisa. Naongeza tu kwamba uvae hedifoni sikio moja, ili usikie bodaboda, na utoke asubuhi kabla ya jua kali. Ukimaliza, Makumbusho ya Taifa, Mtaa wa Shaaban Robert, hayako mbali.