Nataka kuripoti habari za wakimbizi Ulaya, nianzie wapi?

Mtoto wa Chikongola:
Wakubwa shikamooni, wengine habari zenu. Nina diploma ya uandishi wa habari, nafanya redio ya jamii hapa Mtwara. Natamani kuripoti mjadala wa wahamiaji Ulaya: maboti ya Mediterania, mabunge yao, yale malumbano. Kuna aliyeifanya kazi hii? Mtu wa huku anaingiaje?

Njomba wa Mikindani:
Marahaba mwanangu. Nimeifanya miaka mingi, nikijitegemea, makao Ujerumani. Kwanza maboti yatoe kichwani. Oktoba 2013 walikufa watu zaidi ya 360 karibu na Lampedusa, wengi Waeritrea. Kamera zilijaa, kisha zikaondoka. Kilichobaki ni makaratasi, na mimi nimekula kwa makaratasi.

Kanuni ya Dublin, sheria ya Umoja wa Ulaya inayoamua nchi ipi isikilize ombi la hifadhi, niliisoma kama mtoto wa chuo anavyosoma juzuu. Mara nyingi nchi uliyoingilia ndiyo inayosikiliza ombi lako. Ukichukuliwa alama za vidole Italia, zinaingia Eurodac, hifadhidata ya Ulaya ya alama za vidole. Ukikamatwa Munich, Ujerumani, unaweza kurudishwa Italia. Ukilielewa hilo, ugomvi wa Italia na wenzake utausimulia bila kumtafuta mchambuzi. Hata mpango wa Uingereza wa kupeleka waomba hifadhi Rwanda, uliotangazwa Aprili 2022, ulikwama Mahakama ya Juu Novemba 2023. Wenzangu walikimbizana na kauli za mawaziri, mimi nikakaa na hukumu: majaji waliona kuna hatari watu hao wakarudishwa walikokimbia.

Kuna jambo sibishani na mtu. Mwomba hifadhi usimtaje jina wala usimwonyeshe uso kwa sababu tu amekubali. Anakubali akidhani utamsaidia kupata kibali, na ndugu zake wamebaki kule kule. Kuna mhariri aliniacha kwa ajili ya hilo. Aende.

Malipo ni kwa habari moja moja, tena yanachelewa. Usiache redio.

Binti Masasi:
Shikamoo mjomba. Ila kwa nini aende mpaka Lampedusa? Palma, kule Msumbiji, iliposhambuliwa Machi 2021 watu walivuka Ruvuma wakaja huku, na UNHCR, shirika la Umoja wa Mataifa la wakimbizi, ikasema maelfu walirudishwa. Redio zetu ngapi zilikaa nao?

Njomba wa Mikindani:
Marahaba. Hapo umenishika. Na Rutamba, Lindi, ilipokea wakimbizi wa Msumbiji tangu miaka ya 1960, wakimkimbia Mreno. Mwanangu, nenda karekodi wazee huko kwanza, kwa Kimakonde wakitaka. Wanaoijua Brussels, makao ya Umoja wa Ulaya, ni wengi. Mhariri wa Ulaya atakutafuta kwa sababu ya Ruvuma.

Mtoto wa Chikongola:
Rutamba nina shangazi, hapo sishindwi. Hiyo Dublin naipata wapi?

Njomba wa Mikindani:
EUR-Lex, tovuti ya sheria za Umoja wa Ulaya, bure. Anza na kifungu cha 13, ndicho chenye ugomvi. Halafu soma sheria mpya zilizopitishwa 2024, zilizopangiwa kuanza kutumika katikati ya 2026, uone walichobadilisha na walichoacha vile vile.